Bibi wa siku zote haina akte ya ndoa, mwingine ametokea nayo ku matanga: nani njo anapashwa kuleta ushahidi?

Tantine_Kampemba
Jambo yenu bote. Muniache niandike murefu juu hii mambo siwezi kuifupisha.

Yaya yangu alikufwa na tansio, ghafula tu. Aliacha lupango hapa Lubumbashi, Kampemba, nyumba kubwa na anexe za kupangisha, gari, na pesa yenye kampani inapashwa kulipa. Bibi mwenye shi bote tunajua, mwenye alituuguzia baba mpaka alikufwa, eko na bana ine na yaya. Balianza pamoja tangu yaya anauzisha bitenge ku soko, hana ata kinga. Mali ya kuoa (mahari) ilitoka, miye mwenyewe nilikuwa ku ile feti, nilibeba masahani. Lakini ku komini habakuendaka. Kila mwaka yaya anasema tutaenda, tutaenda, kisha minerval ya batoto inakuya mbele, kisha sima ya kumalizia ukuta inakuya mbele, mpaka vile munaona.

Sasa siku ya matanga, mwili ingali ku morgi, akaingia mama mwingine, kijana, mutoto ku mugongo na akte ya ndoa mu fuko ya plastiki. Muhuri iko, sahihi iko, ni ya komini moja ya inje ya muji. Date ya miaka mitatu nyuma. Bibi yetu alianguka pale pale.

Kitu chenye kinanichoma ni ba noko na bakubwa bangu. Banasema ule wa akte tutamuangalia kiisha, lakini huyu wa siku zote haiko bibi wa sheria, atoke mu nyumba, funguo ibakie kwa muzee. Na beko banasema ku tribinali ye njo atapashwa kuhakikisha alikuwa bibi, shi hatuna kazi ya kuhakikisha kitu. Ni vile kweli? Nani anabeba muzigo wa ushahidi hapa?

Kaka_Katuba
Pole kwa kifo dada. Lakini sheria iko wazi, mwenye kusema "miye ni bibi" njo anaonyesha karatasi. Bila akte ye ni mutu alikuwa anaishi naye, basi. Tusitie huruma mu mambo ya lupango.

Mbeya255
Poleni sana ndugu zetu wa Lubumbashi. Huku Tanzania hiyo kesi ingekuwa tofauti kabisa, Sheria ya Ndoa ya 1971 kifungu cha 160 inasema mkishathibitika mmeishi pamoja miaka miwili au zaidi na watu wakawajua kama mke na mume, mahakama inachukulia mlifunga ndoa, halafu anayebisha ndiye anahangaika kuleta ushahidi kwamba haikuwepo. Kwa hiyo huyo mama mwenye watoto wanne angeanza na mtaji mkubwa. Kwenu hakuna kitu kama hicho?

Kaka_Katuba
@Mbeya255 Hapana. Huku kulala pamoja miaka makumi haikufanyi bibi.

Avoka_wa_Barabara
Nusu ya kweli, Kaka Katuba, na ile nusu ingine njo inakulaka bantu ku tribinali.

Dada Tantine, soma polepole. Kanuni ya msingi ni ya zamani sana, dekre ya 30/7/1888 juu ya mapatano, artikle 197: mwenye kudai kitu njo anakihakikisha, na mwenye kusema deni imeisha, na ye pia anahakikisha. Bajuji banaitumia kila siku mu kesi za kila aina, ata za urithi. Kwa hiyo noko yako hakudanganya pale: bibi akiingia ku tribinali kusema "nipeni fungu yangu ya mujane", ye njo anaanza kuleta ushahidi wa ndoa.

Lakini muzigo haikai ku bega moja mpaka mwisho. Inahama. Leo bibi analeta bashahidi na makaratasi ya mali, juji anaona inasimama, kesho ni ba noko benye kupashwa kueleza juu ya nini balimuita bibi miaka yote ile na leo banamukana. Na kama ni bo banaenda kwanza kulomba afukuzwe, bo njo badai, bo njo banaanza kuhakikisha kama haina haki ya kukaa.

Kodi ya familia, maana yake kitabu ya sheria za familia hapa Kongo (sheria 87-010 ya 1/8/1987, yenye ilirekebishwa na sheria 16/008 ya 15/7/2016) inajua ndoa ya namna mbili. Ile ya kufunga mbele ya ofisa wa serikali, na ile ya kufunga mu familia kufuata desturi. Ile ya familia ni ndoa ya kweli, siyo ndoa ya bongo! Ila inapashwa kuandikishwa ku komini mu mwezi moja, na mbele ya kuandikishwa haina nguvu kwa bantu ba inje. Ukikosa akte, njia ingali: bashahidi, karatasi ya mali, na ile banaita posesyon deta, maana yake babili balijibeba sawa bwana na bibi, familia ilibatambua vile, kartie ilibatambua vile. Kama bwana amekufwa hamuwezi tena kwenda babili ku komini, munaenda kulomba tribinali hukumu yenye itashika nafasi ya akte. Ni kazi ndefu, lakini kila siku inafanyika.

Kuishi tu bila mali, hapo Kaka Katuba ana haki, ndugu yetu wa Mbeya asishangae. Huku mali ni sharti ya ndoa. Kwa hiyo swali ya kwanza ya juji haitakuwa "mulikaa miaka ngapi", itakuwa "mali ilitoka? nani alipokea? nani aliona?"

Mama_Bitenge
Nani aliona? Bale bote balikula ule mbuzi waliona!!

Tantine_Kampemba
Asanti avoka. Na ule mwingine wa akte? Eko na karatasi, sasa ye hana kazi ya kuhakikisha?

Avoka_wa_Barabara
Ye alishafanya kazi yake siku alitosha ile akte mu fuko. Akte ya serikali inaaminiwa mpaka mutu aivunje, na mwenye kusema ni ya bongo njo anahakikisha bongo. Hapo ni ninyi na bibi yenu. Kama akte ni ya kweli na inasimama, bibi yenu eko mu shida kubwa, nisikufiche, juu ya yake haijaandikwa popote na sheria yetu haikubali bibi babili.

Lakini kusimama kwa akte siyo muhuri tu. Wende (ao tuma avoka) kwa ile komini, lomba kuona rejista yenyewe, siyo kopi. Angalia numero ya akte na majina ya wenye beko juu na chini yake mu rejista. Angalia kama burugumesta mwenye alitia sahihi alikuwa na kiti ile date. Angalia bashahidi, beko wapi, banajua marehemu kweli? Ile siku yaya yako alikuwa wapi? Kama alikuwa ku kazi ya usiku, kampani iko na listi ya kuingia na kutoka. Na ulize swali moja ndogo tu: mali ya ule kijana ilipokelewa na nani? Kama familia yake yenyewe inaanza kuangaliana, basi.

Bukavu_Kwetu
Kwetu Bukavu niliona vile vile, haiko kwangu, ni kwa jirani wa Kadutu. Ule mama alikuya na akte muzuri kabisa, kila mutu akasema ameshinda. Avoka wa upande ingine akaenda kufungua kitabu ku komini, ile numero ikakuwa ya babwana na bibi bengine kabisa, batu bazima bako wanaishi, balishangaa kuitwa ku tribinali juu ya kilio ya mutu hawajue. Kitabu haina kopi moja peke yake, ingine inatumwaka ku grefe ya tribinali, kwa ile mutu akibadilisha ya komini, ya grefe inamuchongea. Muangalie zote mbili.

Kaka_Katuba
Ninyi muko munapigana na karatasi ya serikali juu ya mapendo. Mi ninaulize tu, familia ya marehemu iko na kosa gani kusema sheria ifuatwe?

Kontabl_Ruashi
Kaka, mi sheria ninajua kidogo lakini hesabu ninajua. Acha nikuonyeshe juu ya nini ba noko banapenda sheria gisi hii.

Tuseme lupango na nyumba ni dola 60.000, na bilipatikana wakati babili beko pamoja. Kama mama ni bibi wa sheria na habakuchagua rejime ingine, sheria yenyewe inabaweka mu ile rejime ya kugawana bintu bilipatikana mu ndoa. Kwa hiyo nusu ni yake, ile haiingie ata mu urithi. 30.000 inatoka. Inabakia 30.000 ya marehemu: robo tatu ni ya bana, 22.500. Robo moja, 7.500, inaenda kwa makundi tatu, mujane, wazazi, na ndugu ya marehemu, kila kundi moja ya kumi na mbili, ni 2.500.

Sasa futa ndoa. 60.000 yote inakuwa ya marehemu. Bana 45.000. Kundi ya mujane haiko, makundi yanabakia mbili, kila moja inapata moja ya nane, ni 7.500.

Umeona? Ndugu banatoka 2.500 banapanda 7.500, mara tatu, bila kushota ata tofali moja. Na mama anatoka 32.500 anashuka zero. Kisha ile 45.000 ya bana bangali badogo, nani atajitokeza kuwa likidateri wa kuichunga? Si ule ule noko.

Mama_Bitenge
Hii hesabu muibandike ku mulango ya kila matanga.

Tantine_Kampemba
Kontabl umenifungua macho, juu na miye niko mu ile kundi ya ndugu. Hakuna mutu mu familia aliniambia hivi, baliniambia tu "tunachunga mali ya yaya yako".

MwanaGCM
Kitu moja munasahau: dosie ya kazi. Miye nilikomalia ku cité ya bafanyakazi, bazee betu tangu wakati wa Union Minière mpaka ikakuwa Gécomin mu 1967, kiisha Gécamines, mutu akiingia ku kazi anaandikisha bibi na bana, juu bila vile hakuna hospitali. Kampani za leo za migodi ni vile vile. Dosie ya marehemu inasema bibi ni nani? Kadi ya dawa iko ku jina ya nani? Ile karatasi marehemu aliiandika ye mwenyewe na mukono yake, hakuna mutu alimulazimisha. Haiko akte ya ndoa, lakini juji anaiangalia sana. Mulombe kopi, na kama kampani inakataa mulombe juji aiagize.

Ila mujue inakata pande zote mbili. Kama mule ndani mutakuta jina ya ule mama kijana, mutakuwa mumemusaidia.

Bukavu_Kwetu
Na pansio ya CNSS (shirika ya serikali ya pansio, ile zamani ilikuwa INSS) bataomba akte ya ndoa kwa mujane, kwa ile msingojee kesi iishe ndio muanze kutafuta karatasi. Batoto bo beko na njia yao, bashike akte zao za kuzaliwa.

Avoka_wa_Barabara
Hapo umenikumbusha kitu ya muhimu. Dada, kesi ya bibi na kesi ya bana musizichanganye. Bana ine, na ule mutoto wa ku mugongo pia, haki yao haitegemei ndoa ya mama zao. Sheria inasema kila mutoto mukongomani anapashwa kuwa na baba. Mutoto mwenye baba alimutambua mbele ya kufwa anaingia mu kundi ya kwanza ya urithi, ile ya bana, sawa na mwenye alizaliwa mu ndoa, fungu sawa sawa. Mara mingi ninaona ba mama babili banapigana juu ya akte mpaka hakuna anaangalia kama bana baliandikishwa. Kesho angalia akte za kuzaliwa za bale bana ine, jina ya baba iko?

Tantine_Kampemba
Ziko zote, yaya mwenyewe alienda kuandikisha. Ya ule mudogo wa mama kijana siijue.

Sasa niwaambie kitu sikuandika pa mwanzo. Siku ya mali, bazee balikuwa na kaye, kila familia kaye moja. Nilipiga foto na simu juu nilikuwa ninafurahia. Nimeitafuta jana usiku mu telefone ya zamani, iko. Inaandika: koti ya baba, kitenge na viatu ya mama, dame-jeanne moja, mbuzi moja, na pesa. Chini imeandikwa "deni: mbuzi ya pili". Na mushahidi wa kwanza upande yetu, sahihi yake iko pale pale, ni ule noko mwenye leo anasema hakuna ndoa.

Mama_Bitenge
Mama weee.

Kaka_Katuba
Lakini mbuzi ya pili haikutoka! Umesoma mwenyewe. Deni ingalipo, mali haikuisha, ndoa haikuisha. Noko yako eko na haki ku ile.

Avoka_wa_Barabara
Kaka Katuba, hii hoja nimeisikia ku tribinali mara mingi na haifikiake mbali. Sheria inalomba mali itoke ata sehemu yake mbele ya ndoa kufungwa. Haisemi mpaka mbuzi ya mwisho. Deni ya mbuzi inabakia deni kati ya familia mbili, na tena mwenye kudai ni familia ya bibi, siyo ninyi! Ninyi njo munadaiwa. Utaenda mbele ya juji kusema "ndoa haiko juu sisi wenyewe hatukulipa"?

Dada, ile kaye ni kitu ya bei. Inasema siku, inasema bintu, inasema majina ya pande zote. Nayo inageuza mambo: noko akisema hakukuwa ndoa, ataulizwa sahihi yake inafanya nini pale. Haitashinda akte ya kweli, nilishakuambia. Lakini kama ile akte inaanguka, kaye njo itasimamisha bibi yenu.

Kaka_Katuba
Sawa, tuseme ni vile. Lakini weye Tantine utasimama ku tribinali kumuchongea noko yako mwenyewe? Siku utakuwa na kilio yako nani atakuya? Mambo ya familia inaishiaka mu familia. Muite bazee, muketi, mupatane, mumupe mama anexe moja akae na bana.

Mama_Bitenge
Anexe moja mu nyumba yenye alijenga ye mwenyewe!! Kaka una roho ngumu. Bale bazee njo bameitoa mambo inje ya familia siku bamelomba funguo.

Kontabl_Ruashi
Mi siko mbali na Kaka ku neno moja tu: kupatana ni bei ndogo kuliko kesi ya miaka. Lakini mutu anapatanaka muzuri wakati ule wa upande ingine anajua uko na kaye. Bila kaye ile haiko kupatana, ni kulombalomba.

Mbeya255
Naomba kuuliza, na kama ndoa ikashindikana kabisa, huyo mama anaondoka mikono mitupu? Amejenga naye.

Avoka_wa_Barabara
Anaweza kudai sawa mutu mwenye alichangia, haiko tena sawa bibi. Lakini ile muzigo ni yake yote, na ni nzito: fakture za sima na mabati ku jina yake, likelemba yenye alitoa, bashahidi ba mason. Ku lupango sertifika ya anrejistrema iko ku jina ya marehemu peke yake, nina hakika, na ile sertifika njo inahakikisha mwenye lupango tangu sheria ya udongo ya 20/7/1973. Karatasi ya shefu wa kartie haitamusaidia.

Kwa hiyo apigane kwanza ku mulango wa ndoa. Bibi akihakikishwa, juu ya fungu yake anapata pia haki ya kukaa mu ile nyumba, ba ndugu habawezi kumutosha.

Tantine_Kampemba
Nimelala na hii mambo. Nitaenda na bibi kwa avoka siku ya kwanza. Noko alishajua, gurupe ya WhatsApp ya familia bamenitosha asubuhi, ata salamu hakuna. Kampani nayo imejibu: ku dosie ya dawa ni bibi yetu na bana ine, ule mwingine hakuna popote, na akte haikufikaka kwabo.

Shida imebakia moja. Kaye yetu iko kwa noko, haitaonekana tena, ninajua. Foto yangu juji ataikubali?

Avoka_wa_Barabara
Foto ni mwanzo, lakini bo batasema ulitengeneza. Kaye ya pili iko kwa familia ya bibi, si ulisema kila familia ilikuwa na yake? Zikilingana, noko hana tena pa kujificha. Na telefone ya zamani usiifute, usiiuzishe, date ya foto iko mule ndani. Usitume foto kwa mutu wa familia ata kama anakulomba kwa upole.

MwanaGCM
Na mulombe tripaix (mahakama ya amani, mambo ya familia na urithi inaanziaka pale) iseme kwanza hakuna mutu anauzisha ao anapangisha kitu mpaka kesi iishe. Juu hapa kwetu lupango inauzishwaka wakati avoka angali anatafuta kalamu.

Tantine_Kampemba
Nimepigia bifyala ya yaya kule Kamina. Kaye iko, aliifunga mu kitambaa. Lakini panya ilikula kona ya chini, pale kwenye sahihi za bashahidi. Sahihi ya noko inaonekana nusu. Baba mudogo wa bibi, mwenye alihesabu pesa ile siku, eko tayari kupanda barabara kuja Lushi.

Avoka_wa_Barabara
Panya haikukula mulomo yake. Akuye na kaye ile ile gisi iko, basiibandike na skoch, na asisahau karte yake ya elektere.